Sauti ya hatua kwenye filamu hutoka wapi?

Msikilizaji, mwigizaji akipita Darajani, kinasa sauti hujaa daladala na wachuuzi. Hatua zake hazisikiki. Hutiwa baadaye: fundi anatazama picha huku akikanyaga mchanga studioni, kwa mwendo uleule. Kwato za punda? Gonganisha vifuu viwili, na vifuu kwetu havina bei.

Kazi hii inaitwa kwa jina la Jack Foley wa Universal, Marekani, aliyeifanya tangu "Show Boat" ya 1929, ingawa kwenye filamu jina lake halikuwa likiandikwa. Wenzake walijifunza kwa kukaa ubavuni mwake.

Sisi tutakaa ubavuni mwa nani? ZIFF ipo tangu 1998, "Vuta N'kuvute" ilifika Toronto 2021, lakini vijana ninaozungumza nao wanataka kamera tu. Mtayarishaji akikosa fundi wa sauti hapa, malipo ya kazi hiyo huvuka bahari.