Tufundishwe historia ya mtaa wetu, hata ile inayouma

Muulize mwanafunzi wa kidato cha nne ni nini kilichoukuza mji wa Meroe zamani hizo. Atakujibu bila kukwama: chuma, Mto Nile, biashara. Atakutajia pia Kilwa, Athens, London na Johannesburg. Sasa muulize kwa nini reli inayopita Kibera iling'olewa Januari 2008. Atakwambia, "Hiyo nilisikia tu."

Wewe unayesoma hapa kwa simu ukiwa Makina, Laini Saba au Gatina, unajua zaidi yake? Si kosa lako. Wengi walio sekondari leo hawakuwa wamezaliwa, au walikuwa bado mgongoni mwa mama.

Tuanze na jina. Kibera limetokana na neno la Kinubi, "kibra", yaani msitu. Askari wa Kisudani waliotumikia Waingereza katika jeshi la KAR walipewa makao hapo mwanzoni mwa karne ya 20. Jamii yao ilingoja hadi 2017 ndipo ikapewa hatimiliki ya ekari 288. Ukijua hilo, unaanza kuelewa mbona suala la ardhi na kodi ya nyumba mtaani huwasha watu haraka hivyo.

Twende Kawangware. Baada ya uchaguzi wa marudio wa Oktoba 26, 2017, majirani waliokuwa wakikopeshana unga waligeukiana. Nyumba na vibanda vilichomwa. Hilo lilitokea miaka tisa tu baada ya ghasia ambazo Tume ya Waki ilisema ziliua watu 1,133 kote nchini. Je, tulikuwa tumejifunza nini?

Najua kuna walimu watakaosema tunafukua makaburi. Darasani kuna watoto wa kila kabila, na neno moja likiponyoka, mzazi yuko getini kesho. Hofu hiyo naielewa. Lakini mwalimu akinyamaza, haimaanishi somo halifundishwi. Linafundishwa nyumbani, kwa TikTok na kwenye mikutano ya siasa, na kila mahali mwenye makosa ni kabila la yule mwingine.

Kanada nao wana kidonda chao: watoto wa jamii za asili walitenganishwa na wazazi wao na kupelekwa shule za bweni ili wasahau lugha na mila zao. Mwaka 2015 tume yao ya ukweli na maridhiano ilitaka historia hiyo ifundishwe shuleni. Ripoti ya tume yetu ya ukweli, haki na maridhiano ilikabidhiwa rais Mei 2013. Ni mwanafunzi gani unayemjua ambaye amesoma hata ukurasa mmoja?

Hatuhitaji kungoja silabasi mpya. Mwalimu anaweza kuchukua sura moja ya ripoti ya Waki, darasa likaisoma pamoja na kuijadili kwa ushahidi badala ya uvumi.

Agosti 10, 2027 wengi wenu mtapiga kura kwa mara ya kwanza. Kabla ya hapo, fanya kitu kimoja. Leo jioni muulize mzazi wako alikuwa wapi Januari 2008. Kisha mwendee jirani wa kabila lingine, umsalimie kwa heshima, umuulize swali hilo hilo. Halafu nyamaza, usikilize.