Mama wa Taifa na Nauli ya Waja Wazito



Wasomaji wetu watukufu, mwaka jana tulialikwa Kitale na jamaa yetu aliyekuwa akimwoza bintiye, na baada ya walima tukamwomba mwenyeji wetu atupitishe Kipsongo. Kitongoji hicho wengi wa wakaazi wake ni Waturkana ambao wazee wao waliyahama makwao kwa sababu ya ukame. Vibanda vingi ni fito zilizofunikwa matambara na karatasi za nailoni. Mama watoto aliketi na akina mama wa pale, nasi tukasimama na wazee. Wakati wa kurudi alikuwa kimya, kisha akatwambia: "Bwana, yule bibi aliyenipa kigoda amezaa watoto sita, na hata mmoja hakumzaa hospitali. Anasema hospitali si mbali, lakini uchungu ukimshika mtu usiku, pesa ya bodaboda iko wapi?"

Neno hilo lilitukumbusha Bi Margaret Kenyatta, aliyekuwa mke wa Rais wa nchi yetu tangu Aprili 2013 hadi Septemba 2022.

Bibi huyu alizaliwa mwaka 1964. Babake, Dkt. Njuguna Gakuo, aliwahi kuliongoza Shirika la Reli, na mamake alikuwa Mjerumani. Alisomea ualimu katika Chuo Kikuu cha Kenyatta. Alipoingia ikulu wengi hawakumjua, kwani hakuwa mtu wa majukwaa. Januari 2014 akaanzisha kampeni aliyoiita Beyond Zero, shabaha yake kwamba asiwepo mama anayekufa akizaa, wala mtoto anayekufa kwa kukosa huduma, wala kichanga anayerithi virusi vya Ukimwi kutoka kwa mamake. Utafiti wa taifa wa mwaka huohuo ulionyesha kuwa katika kila vizazi hai 100,000 walikuwa wakifa akina mama 362. Tunaomba msomaji asiipite tarakimu hiyo mbio. Katika dini yetu mwanamke anayekufa kwa uzazi huhesabiwa miongoni mwa mashahidi, lakini daraja hiyo ya marehemu haikutolewa iwe udhuru wa sisi tulio hai kuketi tukitazama.

Fedha za kampeni alizitafuta kwa miguu yake. Machi 2014 alikimbia nusu marathoni Nairobi, na Aprili, wiki ileile aliyotimiza miaka 50, akaikimbia marathoni ya London, kilomita 42, akachukua takriban saa saba. Wakati huo baadhi yetu tulikunja uso. Mwanamke wa makamo, mke wa mkubwa, atoke mbio barabarani ulimwengu ukimtazama! Tunakiri kwamba sisi wenyewe tulilisema hilo barazani, na mzee mmoja akatuuliza ni mwanamke gani mja mzito tuliyepata kumfikisha hospitali kwa heshima zetu. Hatukuwa na jibu, na hata leo tukilikumbuka swali lile twaona haya.

Katika miaka iliyofuata kaunti zote 47 zikapata kliniki tembezi, za kwetu pwani pamoja na Trans Nzoia na Bungoma. Ni magari makubwa yenye chumba cha uchunguzi ndani yake, ili huduma imfuate mama asiyeweza kuifuata. Baadaye kampeni ikawashughulikia pia wenye fistula, maradhi ya kuvuja mkojo yanayotokana na uzazi uliokawia, ambayo yamewafanya wanawake wengi kutengwa na hata kuachwa na waume zao.

Sifa hizo twazitoa bila choyo. Lakini gari lahitaji dereva, mafuta na muuguzi, na hayo yalikuwa juu ya serikali za kaunti. Kuna mahali magari yaliegeshwa yakaota nyasi. Hapo twamkumbuka Bi Zubeida, mkewe Harun al-Rashid, Khalifa wa Baghdad, aliyetoa mali nyingi mno kuwachimbia visima mahujaji na kuyafikisha maji Makka. Alifariki mwaka 831, na maji yake yakaendelea kunywewa karne nyingi baada yake. Siri haikuwa wingi wa dinari tu, kwani mfereji huziba usipozibuliwa, na kila zama walipatikana watu wa kuuzibua. Bi Margaret ametoka ikulu. Magari yamebaki kwetu, na mwenye kumwuliza gavana wake yako wapi ni mimi na wewe.

Mama watoto hakungoja gavana. Alipotoka Kitale aliwasimulia akina mama wa darasa la Alhamisi, wakaweka kisanduku cha nauli ya waja wazito na kukubaliana na vijana wawili wa bodaboda wawe wakiitika simu usiku. Kisanduku hakiulizi mtu kabila wala dini yake. Alhamisi iliyopita kilikuwa na shilingi 4,350, na mwezi huu kimewapeleka hospitali wazazi watatu.