Neno la Mhariri: Kadhi na ufunguo asioushika

Ukimwambia mtu wa Mombasa au Unguja kwamba fulani ni kadhi, atawaza ndoa, talaka na mirathi. Kwetu kadhi amepewa chumba kimoja katika nyumba ya mahakama, na Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 170, imempimia hata upana wa mlango. Riyadh na Jeddah neno ni lilelile, ila kadhi huko husikiliza deni, kiwanja, wizi na mauaji. Ndiyo maana toleo hili lote tumempa yeye: anavyosoma, anavyopanda cheo, na hasa anapokomea.

Tunasema hasa anapokomea kwa sababu hapo ndipo tunapokosea. Mwaka 2011 Mkenya mmoja aliyekuwa kibaruani Saudia aligombana na mwenzake, raia wa Yemen, na yule mwenzake akafa. Hukumu ya kwanza ilikuwa kifungo cha miaka 5. Kwenye rufaa ikageuka kuwa kifo. Habari zilipotufikia, barazani kadhi alilaumiwa kwa roho ngumu, na wengine wakangoja mfalme asamehe. Lakini kisasi katika fikihi ni haki ya warithi wa marehemu. Kosa likishathibitika, kadhi hana msamaha wa kutoa wala mfalme hana wa kulazimisha. Wenye kusamehe, au kukubali dia, yaani fidia ya damu, ni wafiwa. Ilipolipwa dia ya riali milioni 3.5 ndipo mtu yule akapona, akatoka mwaka 2025. Ungemlaumu kadhi kwa mengi, lakini si kwa ufunguo usiokuwa mfukoni mwake.

Huyu kadhi ni nani basi? Kwa kawaida ni kijana aliyemaliza kitivo cha sharia, na wengi wao hupitia Taasisi Kuu ya Ukadhi iliyoko Riyadh tangu 1965. Sheria ya mahakama ya 2007 inamruhusu kuanza akiwa na miaka 22, kama mwanagenzi, kisha apande daraja baada ya daraja. Kukaa mahakama ya rufaa kunataka miaka 40, na kustaafu ni 70. Sheria hiyohiyo inasema hana wa kumwamrisha ila sharia na kanuni. Maneno mazuri hayo. Ila uteuzi wake ni kwa amri ya mfalme, na mwaka 2022 mashirika ya haki za binadamu yaliripoti kwamba makadhi kadhaa walikamatwa. Msomaji aisome ibara ile ya uhuru akiwa na habari hiyo kichwani.

Kwa miaka mingi kilichomwongoza kadhi huyu kilikuwa rafu ya vitabu. Tangu amri ya 1928 alitakiwa ahukumu kwa kauli zinazotegemewa za madhehebu ya Hanbali, akirejea zaidi vitabu viwili vya al-Buhuti, mwanachuoni wa madhehebu hayo. Sisi wa pwani, watu wa Shafii tuliolelewa na kitabu chetu cha fikihi, Minhaj, tunaelewa maana yake: kitabu kina kauli, kauli zina tofauti, na makadhi wawili wa ujia mmoja waweza kukupa majibu mawili bila hata mmoja kukosea. Wakili anayemwambia mteja wake atarajie nini alikuwa karibu na mpiga ramli.

Jeddah ilishindwa kuvumilia hali hiyo mapema. Ni mji wa bandari, na shehena ikishateremshwa mwenye mali anataka kujua leo anamdai nani. Mwaka 1931 wafanyabiashara walipata sheria ya mahakama ya biashara, iliyofuata nyayo za Waturuki. Mahakama hiyo ikafutwa 1955, kesi zikatawanywa kwenye kamati, na ni 2017 tu ambapo mahakama za biashara zilirudi.

Mageuzi makubwa yalikuja baada ya hapo. Februari 2021 ziliahidiwa sheria nne zilizoandikwa kwa vifungu. Ya ushahidi na ya familia zilianza kutumika 2022, ya miamala ya kiraia Desemba 2023. Ya nne, ya adhabu za taazir, haikutoka pamoja nazo. Nayo ndiyo inayomgusa zaidi mtu wetu aliyeshikwa usiku mjini Riyadh, kwa kuwa taazir ni adhabu ambayo kipimo chake hubaki mikononi mwa kadhi. Mfanyabiashara amepewa vifungu. Mshitakiwa bado anategemea busara ya mtu.

Na kuna asiyefika hata mbele ya huyo kadhi kwanza. Mahakama za kazi zilianza 2018, lakini sheria ya kazi ya 2005 ilimwacha nje mfanyakazi wa ndani. Kadama, yaani mfanyakazi huyo wa ndani, aliyenyimwa mshahara na kafili wake, mwajiri aliyemdhamini, Jeddah huanzia wizarani, si mahakamani. Wapo wanaokwenda mahakamani moja kwa moja, wakaambiwa warudi, na wakirudi hawana tena nauli ya teksi ya pili.

Kwa ajili yao tumechapisha ukurasa wa kati kwa Kiswahili chepesi: nani aendewe kwanza, na karatasi zipi zishikwe mkononi. Ukurasa huo haukugandishwa kwa gundi. Unachanika, na ukikunjwa mara nne unaingia ndani ya jalada la pasipoti.