Sikinde haitoshi kwenye MB 3

Kimya kilikuwa kirefu, si mnajua tena wiki za testi. Leo siongelei bumu (hilo nitalirudia, msihofu). Leo ni muziki wa dansi: Msondo, Sikinde, Morogoro Jazz, Vijana Jazz, ule ambao nusu ya watu wa hosteli yetu wanadai ni wa nyama choma na wazee wenye vitambi... haya bwana, semeni.

Hoja yangu ni hii: dansi la zamani lisitunzwe kwa MP3. Kulisikiliza kwa MP3 ruksa, hata mimi kwenye daladala ndivyo ninavyofanya. Ila nakala ya kuweka iwe WAV au FLAC, ile isiyopoteza kitu. Rumu meti wangu anasema huo ni ulimbukeni wa mtu aliyenunua hedifoni juzi. Namjibu hapa hadharani maana chumbani hanipi nafasi, teh teh teh!

Sauti ya CD inakwenda kwa kilobiti 1,411 kila sekunde. MP3 ya 128 ni kama sehemu moja ya kumi na moja ya hizo. Programu inakisia sikio lako halitasikia nini, halafu inakitupa. FLAC, iliyotoka mwaka 2001, haitupi. Inakunja tu, kama unavyokunja shati kwenye begi, na ukilikunjua vifungo vyote vipo. Faili linashuka mpaka kama nusu ya ukubwa wa CD, basi.

Sasa chukua Sikinde yenyewe. Mlimani Park Orchestra ilianza 1978, na jina ililipata kwenye baa iliyokuwa huku huku kwetu, karibu na chuo. Lebo ya Africassette ya Detroit, Marekani, ilitoa CD yao mwaka 1994, nyimbo walizorekodi RTD miaka ya 80. Isikilize kwa ubora kamili ndipo ujue gitaa si moja. Kuna solo linaloimba juu, kuna rithimu linalojibu chini yake, besi linatembea na njia yake, tumba zinagonga katikati, halafu tarumbeta na saksafoni zinaingia kama watu waliochelewa harusini. Ukiibana kwa kilobiti 64 ili dakika saba ziwe MB 3, wa kwanza kufa ni matoazi ya dramu, yanageuka sauti ya maji yanayomwagika. Anayefuata ni yule wa rithimu. Solo linabaki, mwimbaji anabaki, na wewe unasema dansi ni muziki mwembamba. Mwembamba umeufanya wewe!

Na ndivyo tulivyolelewa, tusidanganyane. Kwetu Rwamgasa nyimbo zinajazwa kwenye memori kadi, nyimbo mia tano kwa bei ya soda mbili tatu, zimebanwa mpaka zinatoa jasho. Halafu zinapigwa kwenye spika ya kiganjani karibu na karasha linalosaga mawe. Hapo hata ukimleta Mbaraka mwenyewe utasikia karasha tu.

Lakini hao hao wa Rwamgasa ndio wangenielewa haraka kuliko wasomi wa hapa Mlimani. Kila mtoto kule anajua marudio ni nini. Mawe yanasagwa, yanaoshwa mwaloni, zebaki inakamata dhahabu inayokamatika, na mchanga unaobaki ndiyo marudio. Hakuna mwenye akili timamu anayeyatupa. Zebaki inaacha dhahabu nyingi humo, ndiyo maana wenye mitambo ya sianidi wanayanunua na kuyachenjua upya. MP3 ni mwalo unaomwaga marudio mtoni. Na kwa sauti iliyokwisha kutupwa hakuna sianidi. Ukigeuza MP3 kuwa FLAC unapata faili nene lenye umaskini ule ule (wapo wanaouza hivyo, muwe macho).

Nakubali, ukinifumba macho ukanipigia MP3 ya 320 na FLAC, mara nyingi nitabahatisha. Rumu meti anadhani hapo kanishinda. Ila mimi sibishani habari ya masikio yangu. Kutoka FLAC unatengeneza MP3 yoyote uitakayo, leo au miaka 30 ijayo. Kurudi nyuma hakuna.

Na hawa watu hawarekodi tena. Mbaraka Mwinshehe alifariki kwa ajali ya gari Mombasa, Januari 1979. Hemed Maneti 1990, Marijani Rajabu 1995. Walirekodi bendi nzima kwa pamoja kwenye studio ya redio, na tepu zile zimo kwenye maktaba ya RTD, ambayo sasa iko chini ya TBC. Tepu inazeeka. Nyingine zilitoka kwa santuri zilizochapwa Nairobi, wimbo umekatwa katikati, sehemu ya kwanza upande huu, ya pili upande ule. Ile mikusanyo mizuri ya CD nayo imetokea Detroit, imetokea Ufaransa (Buda Musique walitoa ya miaka ya 60 mwaka 2007). Nashukuru, nimeinunua, lakini inauma kidogo kununua Tanzania kutoka Ufaransa.

Likizo iliyopita nilimpelekea mzee wangu nyumbani hizo FLAC na hedifoni. Alisikiliza wimbo mmoja wa Sikinde, akanyamaza, akaurudia. Halafu akasema, "Kumbe kuna mtu anapiga pale nyuma." Wimbo huo anao kwenye kaseti toka kabla sijazaliwa.

Kaseti zenyewe ziko kwenye boksi la sabuni, karibu arobaini. Nyingi alizirekodi mwenyewe kutoka redioni, na vumbi la Rwamgasa mnalijua. Baadhi zina matangazo ya salamu katikati, na nyimbo ambazo sijaziona kwenye mkusanyo wowote. Tatu zimeshavutika, mwimbaji anaimba kama amelewa. Zilizobaki nimekuja nazo, na nataka kuziingiza kwenye laptop kwa WAV kabla ya UE.

Kwa hiyo wadau, mwenye deki ya kaseti nzima hapa kampasi, au anayejua fundi wa kusafisha hedi bila kuikwaruza, aniachie ujumbe. Soda juu yangu, bumu likitoka.