Kudai nafaqa si kudai talaka



Ijumaa moja baada ya swala alitujia mama mmoja mkazi wa Kibada, Kigamboni, akiwa na mtoto mgongoni. Mumewe, mvuvi mwenye mashua yake mwenyewe, ameoa mke wa pili upande wa Mbagala, na kwa miezi saba hajapeleka nyumba ya kwanza hata kilo moja ya unga. Aliuliza: "Sheikh, nikienda mahakamani nitakuwa nimeivunja ndoa yangu?" Wazee wa familia walikwishamwambia kwamba mke anayemshitaki mumewe ni nashiza.

Ndugu Waislamu, dhana hiyo haina msingi. Hind bint Utba alimlalamikia mumewe, Abu Sufyan, mbele ya Mtume (SAW) kwa ubahili wake. Mtume hakumwita nashiza wala hakuwatenganisha. Alimruhusu achukue katika mali ya mumewe kiasi cha kumtosha yeye na wanawe kwa wema. Na katika madhehebu ya Imam Shafii, ambayo ndiyo ya wengi wetu katika pwani hii, nafaqa ya mke isiyotolewa ni deni shingoni mwa mume, halifutiki kwa kupita miezi. (Neno "nafaka", tunalolitumia kwa mchele na mahindi, limetokana na neno hilo hilo. Wauza chakula wamelihifadhi. Baadhi ya waume wamelisahau.)

Sheria ya nchi nayo haiko mbali. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, katika kifungu cha 63, inamwajibisha mume kumpatia mkewe makazi, mavazi na chakula kwa kadiri ya uwezo wake, kipimo kile kile cha Suratu At-Talaq, aya ya 7. Kifungu cha 115 kinairuhusu mahakama kuamuru matunzo ndoa ingali hai, pale mume anapokataa au kupuuza. Talaka ni shauri jingine, lenye kutanguliwa na baraza la usuluhishi.

Masheikh tunaweza kumwita mume, kumnasihi na kuwasuluhisha. Kumlazimisha atoe hatuwezi. Tumeshuhudia ahadi zikiandikwa mbele yetu na kuvunjwa kabla ya mwezi kuandama. Mwenye nguvu hiyo ni hakimu, na mlango wake uko karibu: mahakama ya mwanzo, au Kituo Jumuishi cha Temeke, ambacho tangu mwaka 2021 kinashughulikia mashauri ya familia.

Ugumu uko kwenye ushahidi. Mwajiriwa ana hati ya mshahara. Mvuvi, dereva wa bodaboda na mwenye genge hawana. Akisimama mbele ya hakimu husema bahari imekuwa mbaya, na pengine kweli imekuwa mbaya. Basi mke na aende na waliomwona akiuza samaki Feri, na wanaojua mashua ni ya nani. Aende pia na kumbukumbu za fedha zilizokuwa zikitumwa kwa simu kabla hazijakatika. Mume anayetoa naye ahifadhi kumbukumbu hizo, maana wapo waliotoa kwa miaka wakashindwa kuthibitisha.

Wala hatusemi kila dai ni la haki. Wako wanaoifanya nafaqa fimbo ya kumchapia mume kwa kuoa mke wa pili, ilhali chakula kimo ndani. Na mke aliyetoka nyumbani bila udhuru, hukumu yake ni nyingine.

Mama yule alituomba tumwite mumewe kwanza. Tulimwita mara mbili, hakuja. Mara ya tatu tulimwandikia mama barua ya kueleza hayo, aende nayo mahakamani.