Mkeka Umechanika

Kuna maneno yanayobadilika maana tukiyatazama. Mkeka ulikuwa wa kukalia wageni, wa kuanikia mpunga, wa msibani. Leo ukimwambia kijana wa kijiweni kwamba mkeka wako umechanika, hatauliza umechanwa na nani. Atakupa pole kwa fedha uliyopoteza. Maana hiyo haikufundishwa shuleni wala haikutoka kwa wazee. Imekuja na mpira wa redioni, wa televisheni na wa kibanda umiza, ambako kutazama mechi na kubeti vimekuwa karibu kitu kimoja.

Mwaka 2017 Simba na Yanga, watani wa jadi, ziliingia mkataba na kampuni moja ya kubashiri matokeo, na jina lake likakaa kifuani mwa jezi zote mbili. Kwa sheria yetu aliye chini ya miaka 18 haruhusiwi kubeti. Lakini mtoto wa miaka minane aliyenunuliwa jezi ya timu yake alitembea na tangazo hilo hadi kwenye mafundisho ya komunyo ya kwanza, na hakuna aliyeona ajabu. Hivyo ndivyo burudani inavyofundisha: haihubiri, inazoesha tu.

Hatusemi kubeti kila mara ni dhambi. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 2413, inasema michezo ya bahati na kuwekeana dau haipingani na haki kwa yenyewe. Inakuwa mibaya pale inapomnyima mtu kile anachohitaji yeye au wanaomtegemea, na tamaa yake inaweza kugeuka utumwa. Basi swali la kumuuliza baba wa familia ni hili: elfu tano ile ilikuwa ya nani? Kama ilikuwa ya unga au ya daftari la mtoto, jibu tunalo.

Tena hesabu yenyewe vijana hawaelezwi. Chukua mkeka wa mechi kumi, kila timu uliyoichagua ikiwa na nafasi mbili kati ya tatu za kushinda. Inaonekana salama kabisa. Ila uwezekano wa zote kumi kushinda haufiki mara 2 katika 100. Redioni tunasikia sauti ya aliyeshinda mamilioni. Wale wengine wote hawapigiwi simu na mtangazaji.

Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati ya Inter Mirifica ya Desemba 4, 1963, uliwakumbusha wasomaji, watazamaji na wasikilizaji kwamba wao pia wana wajibu wa kuchagua, na wazazi kwamba wana wajibu wa kulinda kinachoingia nyumbani. Wakati ule hakuna aliyefikiri dau lingewekwa kwa simu ya mkononi, kitandani, saa sita usiku.

Seminarini mpira tunaupenda, na hatuombi mtu auache. Tunaomba jambo hili litajwe kwa jina lake. Kwenye jumuiya ndogo ndogo tunazungumza sana juu ya ulevi, lakini juu ya kubeti tunanyamaza, labda kwa sababu anayebeti hapepesuki njiani. Katekista anayeandaa vijana wa kipaimara anaweza kuanza Jumamosi hii: ubao, chaki, na ile hesabu ya mechi kumi.