Rais Ni Mdhamini, Si Mwenye Shamba

Popote panapotakiwa kupita barabara, bomba au reli, wananchi huambiwa neno lile lile: “Ardhi ni ya serikali, ninyi ni wapangaji tu.” Hulisema mtendaji, hulisema mthamini mwenye haraka, na siku hizi hulisema hata jirani ambaye nyumba yake haijapigwa X. Mwenye shamba akikataa kifuta jasho na kwenda mahakamani, anaitwa mpinga maendeleo.

Neno hilo si kweli, na asili yake ni ya kikoloni. Mwaka 1923 Waingereza walitunga sheria iliyotangaza ardhi yote ya Tanganyika kuwa ya umma chini ya mamlaka ya Gavana. Uhuru ulipokuja, Gavana aliondoka na mamlaka yake yakahamia kwa Rais. Lakini hata Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 haisemi kwamba ardhi ni mali ya Rais. Inasema ni ya umma, naye ameishika kama mdhamini kwa niaba ya raia wote. Mlezi aliyekabidhiwa mali ya yatima hageuki kuwa mwenye mali.

Tena hoja hii ilikwisha kuamuliwa. Baba mmoja na mwanawe wa Kambi ya Simba, Mbulumbulu, walipoteza shamba lao wakati wa Operesheni Vijiji, kampeni ya serikali ya kuwahamishia watu vijijini. Mwaka 1987 walilidai mahakamani Arusha, wakashinda. Rufaa dhidi yao ikiwa bado haijasikilizwa, Bunge likatunga Sheria Na. 22 ya 1992: haki za kimila za ardhi zilizoguswa na operesheni ile zikafutwa, fidia ikakatazwa, na kesi zilizokuwa zikiendelea zikaamriwa zife. Sheria hiyo ilipopingwa, upande wa serikali ukasimama mbele ya Mahakama ya Rufani na kudai kwamba haki ya kimila si mali inayolindwa na Katiba. Jaji Mkuu Francis Nyalali na wenzake wakakataa. Walisema kukubali hoja hiyo ni kuwafanya wakazi wengi wa Tanzania Bara kuwa wavamizi katika nchi yao wenyewe. Wakaongeza kwamba hata ardhi isiyo na jengo wala mti, maadamu mtu ameitolea jasho, inastahili fidia. Ni Rufaa ya Madai Na. 31 ya mwaka 1994. Watendaji wetu wangepaswa kuisoma kabla ya kupewa mihuri.

Na hao wanaodaiwa kukwamisha miradi, wanaikwamishaje? Anayetaka kuishtaki serikali lazima atoe notisi ya siku 90, amuunganishe Mwanasheria Mkuu, na aende Mahakama Kuu. Sheria haimpi amri ya zuio dhidi ya serikali. Akishinda, hawezi kukamata mali ya serikali ili alipwe. Kwa upande mwingine, Sheria ya Utwaaji Ardhi ya 1967 inairuhusu serikali kuingia shambani baada ya notisi ya wiki sita, au hata mapema kukiwa na dharura, huku kiasi cha fidia kikiwa bado kinabishaniwa. Kwa hiyo tingatinga halimsubiri jaji. (Nchini Uganda, mwaka 2015, Mahakama ya Juu iliamua kwamba mtu alipwe kwanza ndipo ardhi yake ichukuliwe. Nasi tungepaswa kufika hapo.)

Anayesubiri ni mwananchi. Amefanyiwa tathmini, akaambiwa asijenge, asipande mazao ya kudumu. Bati likivuja haliezekwi upya, mgomba ukianguka haupandwi mwingine, mtoto anayetaka kuoa hana pa kuweka msingi. Hela haiji, na hakuna anayemwambia itakuja lini. Kanuni za fidia ya ardhi za mwaka 2001 zimetaja thamani ya soko, posho ya usumbufu, ya usafiri na ya makazi, na faida iliyopotea. Zimesema pia kwamba malipo yakipita miezi sita, riba inaanza kuhesabiwa. Mimi barabara nazitaka kama wewe unavyozitaka, ila sikubali kwamba gharama yake ibebwe na familia iliyokuwa njiani.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, mthamini akija kwako, hesabu naye kila mti. Usisaini fomu usiyoielewa, na usiachie nakala yako. Andika tarehe. Miezi sita ikipita hujalipwa, dai fidia pamoja na riba yake, kwa maandishi. Wakikuita mpinga maendeleo, nenda mahakamani.